Maji ya juu: shajara ya mradi wa korongo, Februari hadi Septemba 2025

Februari 10

Eneo la mradi wa ofisi yetu ya usanifu limepatikana. Ni mtaa wa mitelemko upande wa Kimara, Dar es Salaam, nyumba 38 zilizojipanga juu ya korongo ambalo maji yake, yakishashuka na kuungana na mengine, huishia Mto Msimbazi. Jina la mtaa silitaji humu. Wakazi wameomba hivyo na sababu wanayo: bomoabomoa ya 2017 kando ya Barabara ya Morogoro haijasahaulika, na mtu akionekana na futi kamba na karatasi, watu wanaanza kuhesabu kuta zao.

Kwa hiyo kazi ya kwanza imekuwa kueleza ambacho hatukuja kufanya. Hatuvunji, hatupanui barabara, hatupimi viwanja vya kuuza. Mwenyekiti wa mtaa alitutambulisha kwenye kikao kwa maneno yake: "Hawa ni wachora ramani, wamekuja kuongea na maji." Watu wakacheka, tukapewa viti.

Dira yenyewe, kwa lugha ya kikao: mtaa huu sasa hivi ni wa kupitisha vitu. Mvua inapita, udongo unapita, mabaki ya jikoni yanapita, pesa ya maji ya boza inapita. Majengo mengi yanayojiita ya kijani yanajisifu kwamba yanaharibu kidogo kuliko jirani. Nataka tudai zaidi. Nyumba ikiongezwa mtaani, ardhi ibaki na maji mengi kuliko ilivyokuwa kabla ya nyumba hiyo, udongo uwe mzito zaidi, kivuli kiwe kipana zaidi. Mji unaorejesha ndio huo, na nasema wazi kwamba sijauona Dar, ila vipande vyake vipo.

Kwa nini huku juu? Kwa sababu macho yote yako Jangwani, kule chini bondeni mwa Msimbazi, na Jangwani pana haki ya kutazamwa. Mafuriko ya Desemba 2011 yaliua watu zaidi ya 40 jijini, na tangu hapo imekuwa kawaida kusikia kwamba barabara imefungwa pale na mabasi ya mwendokasi yamesimama. Mwaka 2022 Benki ya Dunia iliidhinisha dola milioni 200 kwa ajili ya Bonde la Msimbazi: daraja la kuinua barabara, bustani kubwa ya jiji, karakana ya mabasi kuhamishwa. Sina ugomvi na hayo. Lakini maji yanayofika Jangwani hayakuzaliwa Jangwani. Yanatoka Pugu na Kisarawe, na yanatoka huku kwetu, kwenye mabati.

Februari 17

Hesabu ya mabati. Dar hupata wastani wa milimita 1,100 hivi za mvua kwa mwaka. Milimita moja juu ya mita moja ya mraba ni lita moja, na sijui kama kuna hesabu nyingine ya ujenzi iliyo rahisi hivyo. Paa la kawaida mtaani hapa lina mita za mraba 100. Paa moja basi linapokea lita 110,000 kwa mwaka. Toa zinazorukia pembeni na zinazovuja kwenye gata mbovu, baki na asilimia 80, ni lita 88,000. Kwa nyumba 38 zinazidi lita milioni 3.3, yaani maboza zaidi ya 330 ya lita 10,000, na boza lenyewe mvua ikinyesha halipandi mtelemko huu.

Hapo ndipo wengi husimama: basi kila nyumba inunue simtanki. Ngoja. Mvua ya milimita 50 kwa jioni moja, ambayo masika haioni aibu kuileta, inashusha lita 5,000 kwenye paa hilo moja. Simtanki la lita 5,000 linajaa siku hiyo hiyo, na kesho yake mvua ikirudi linamwaga kila tone. Tanki ni la kuoshea vyombo na kufulia. La kuokoa watu wa bondeni ni ardhi, kama bado inaweza kunywa.

Machi 1

Tumepima kama inaweza.

Kifaa ni kopo la rangi la lita 4 lililokatwa kitako, likabaki bomba fupi. Unaligongomea ardhini kwa nyundo na ubao, unamimina maji, unasimamisha rula ndani, unatazama saa. Uwanja wa kwanza ulikuwa wa bibi mmoja mwenye nyumba ya vyumba sita vya kupangisha. Uwanja msafi, mistari ya fagio la chelewa inaonekana kuanzia kibarazani hadi getini. Kopo halikuingia. Mdomo wake ulijikunja, tukanyoosha, ukajikunja tena. Lilipokubali kuzama vidole viwili, tukajaza maji, na baada ya saa nzima rula ilionyesha yameshuka sentimita moja na ushee.

Tukahama hatua kumi tu, chini ya mwembe wa jirani ambako majani huachwa yaoze kwa sababu jirani mwenyewe ni mvivu (maneno ya bibi, si yangu). Kopo likazama kwa pigo la pili. Maji ya jagi la kwanza yaliisha nikiwa bado nainama kuchukua la pili.

Nikamwonyesha bibi. Akatazama mashimo yote mawili, akanijibu, "Mwanangu, uwanja usiofagiwa unaleta nyoka."

Na ni kweli unaleta. Wachoraji wa bustani za vitabuni hawaishi na nyoka, wala hawana watoto wanaotambaa uwanjani. Tumekubaliana hivi: katikati na njia ya choo zinafagiwa kila asubuhi kama kawaida, majani yote yanasukumwa kwenye duara la mita mbili kuzunguka kila mti na hapaguswi. Duara limezungushiwa tofali mbovu zilizolazwa upande, maana bila mpaka unaoonekana fagio halijui pa kuishia.

Machi 12

Siku nzima mezani. Michoro ya mtelemko wa pamoja, kile kipande kisicho na mwenyewe kati ya nyumba za juu na korongo, ambacho kila masika kinachimbika.

Nilianza na mifereji ya kontua, ile inayokatiza mtelemko kwa usawa, kama ya vitabuni, nikaifuta. Mwenzangu kwenye ofisi kwao ni Mbinga, akauliza kwa nini tusichore ngoro. Kwa asiyezijua: Wamatengo wa Ruvuma wanalima kwenye milima mikali, na kwa zaidi ya miaka mia moja wamekuwa wakilaza majani yaliyofyekwa katika miraba, wanachimba udongo wa katikati na kuufukia juu ya majani hayo. Kinachobaki ni mlima mzima wenye mashimo, kila shimo limezungukwa na matuta manne. Maji yakinyesha yanatua kwenye shimo lake, yanazama, hayana pa kukimbilia. Majani chini ya tuta yanaoza na kulisha maharage na mahindi ya juu. Hakuna zege hata kiroba kimoja. Mmomonyoko wanaudhibiti, udongo wanautengeneza, chakula wanapata, yote kwa jembe moja.

Tumechora ngoro za mjini. Mashimo ya mita moja na nusu kila upande, kina cha goti, mtelemko mzima wa pamoja. Ndani ya matuta tunafukia majani ya miembe na mabaki ya jikoni yanayooza badala ya majani ya porini. Juu ya matuta vetiva, nyasi za kushika udongo, kwenye kingo za nje, matembele na magimbi kwa ndani. Migomba kwenye mashimo ya chini kabisa ambako maji hukaa zaidi. Tahadhari moja ya kihandisi: hapa chini ya mtelemko kuna nyumba, na udongo ukilowa kupita kiasi unaweza kuteleza. Kwa hiyo mstari wa juu ya nyumba hizo hauchimbwi, na kila safu ya mashimo ina mdomo wa mawe wa kutolea maji ya ziada kwenda korongoni.

Machi 20

Mgeni kutoka upande wa mfadhili ametaka "mifano ya kimataifa". Nikamwandikia kuhusu Curitiba, na ninaweka hapa kwa sababu kuna jambo linanikera.

Jaime Lerner alikuwa msanifu majengo kabla ya kuwa meya wa Curitiba, Brazil, kwa mara ya kwanza mwaka 1971. Jiji lake lilikuwa linafurika. Badala ya kuijengea mito kuta, alinunua na kulinda mabonde yake yakawa bustani zenye maziwa. Mvua kubwa ikija, bustani inafurika na mji unabaki mkavu. Parque Barigui ilifunguliwa 1972. Majani yalipokuwa mengi mno kukatwa kwa mashine, wakaachia kondoo. Mitaa ya mabonde ambako gari la taka halifiki, wakaanza kubadilishana: leta taka zilizochambuliwa, ondoka na mboga. Na Lerner huyo huyo ndiye aliyeanzisha mabasi yenye njia zao wenyewe, mfumo ambao Bogotá iliufuata na Dar ikaufuata, hadi Mei 2016 mwendokasi wetu ulipoanza.

Yaani tulichukua mabasi ya Curitiba tukaacha bustani zake. Kisha karakana ya mabasi hayo tukaijenga Jangwani, kwenye bonde ambalo Lerner angeliachia ziwa na kondoo. Sijui kama kuna nchi nyingine iliyolipia somo moja mara mbili kwa ufasaha huu.

Mgeni amejibu kwa neno moja: "Asante."

Aprili 6

Masika yameingia kweli. Kipimo chetu cha mvua, chupa iliyokatwa na kuwekewa rula, kimeonyesha karibu milimita 40 tangu alfajiri. Tumetembea mtaa mzima na mwavuli usio na faida yoyote.

Tuliyoyaona. Maji ya mabati yanaangukia uwanjani, yanapita chini ya geti, yanaingia barabarani. Barabara ya vumbi ndiyo mto wenyewe: rangi ya chai ya maziwa, inabeba mchanga, kandambili, chupa, na mfuko wa simenti uliokuwa tupu. Kwenye kona ya duka inapinda kwa kasi na kula ukingo.

Na harufu. Kila mkazi wa Dar wa mitaa ya namna hii anaijua na hakuna anayeiandika kwenye ripoti: watu wanatapisha vyoo. Mvua ikishika kasi, tundu la ubavuni mwa shimo la choo linazibuliwa, uchafu unaondoka na maji. Gari la kunyonya ni ghali na halifiki. Mvua ni bure na inafika mlangoni. Jirani wa chini anajua, kwa sababu naye anamtapishia jirani wake wa chini zaidi. Huko mwisho, kando ya Msimbazi, watu wanamwagilia mchicha.

Mchoro wowote wa mji wa kiikolojia usiokuwa na jibu la tundu hilo la ubavuni, mimi siuhesabu. Unaweza kupanda miti juu ya ghorofa ishirini.

Aprili 19

Leo ndiyo siku niliyoingojea bila kujua kwamba naingojea.

Mwezi uliopita tulijenga chemba ya mchanga kwenye kona ya duka. Ni kitu cha kawaida kwa uhandisi: shimo la tofali, urefu mita 1.5, upana mita 1, kina mita 1.2, na ukuta mfupi katikati. Maji yanaingia kwa kasi, yanakuta nafasi, yanapoa, yanaangusha mchanga, yanavuka ukuta mfupi yakiwa mepesi na kuelekea kwenye ngoro. Bila chemba hiyo, mashimo yote ya ngoro yangejaa mchanga ndani ya masika moja. Ikijaa inakaribia ndoo 90 za lita 20, na ndiyo iliyokuwa hofu yangu: nani atazitoa? Miradi mingi ya mifereji jijini inakufa hapo. Mfereji unazinduliwa kwa utepe, unaziba, mvua ya pili inapita juu yake.

Bajeti yetu ya usafishaji ilikuwa ya miezi sita. Baada ya hapo tuliandika "jamii itaendeleza", sentensi ambayo kila anayeomba ufadhili ameiandika na hakuna anayeiamini.

Asubuhi nimefika, chemba iko tupu. Imefagiwa hadi kwenye tofali. Nikadhani mtaa umefanya msaragambo. Hapana. Vijana wawili wanaosukuma guta walikuja usiku mvua ilipokatika, wakatoa mchanga wote, wakauchekecha kwa neti ya dirisha, wakauza kwa fundi anayejenga ukuta nyumba ya nne kutoka hapo. Mchanga wa barabarani, uliooshwa na mvua na kupangwa na chemba yetu, ukawa bidhaa. Fundi kaniambia kwa kulazia tofali unafaa kabisa. Kwa lipu angetaka uchekechwe tena.

Nikawauliza vijana kama watarudi ikijaa. Mmoja akanitazama kama mtu niliyemuuliza kama atarudi benki.

Aprili 27

Ugomvi, ulitarajiwa. Mzee wa duka anasema chemba iko mbele ya duka lake, mchanga ni wake. Mama mmoja wa juu anasema mchanga umetoka kwenye uwanja wake, kwa hiyo ni udongo wake uliouzwa, na kwa kweli kisayansi hoja yake ndiyo nzito kuliko zote. Mjumbe akaitisha kikao. Kimechukua jioni nzima.

Maafikiano, yameandikwa kwenye daftari la mtaa: anayetoa ndiye anayeuza. Lakini anayetoa lazima atoe yote, hadi kitako. Tope laini la juu, lisilouzika, analipeleka kwenye ngoro. Plastiki inaingia kwenye kiroba na kiroba kinapanda juu kwa gari la taka. Asiyetimiza matatu hayo anapoteza zamu. Na mtu yeyote atakayeonekana akichimba mchanga korongoni kwenyewe, zamu yake imeisha moja kwa moja. Hili la mwisho sikulipendekeza mimi. Kuchimba mchanga mitoni kumekatazwa siku nyingi na kunaendelea usiku siku zote. Wakazi wa kingoni wameona nyumba zikining'inia kwa sababu hiyo, na sasa wamepata cha kuwapa wachimbaji badala ya makatazo.

Nimebadilisha mchoro mzima kwa ajili ya jambo hili. Chemba zilikuwa mbili kwenye mpango, sasa ni tano, ndogondogo, kila moja kwenye kona ambayo guta linafika. Nimeweka mlango mpana na ngazi ya kushukia na beleshi. Ndani ya ofisi kuna waliosema tunasanifu biashara ya mchanga. Ndiyo, na tuongeze: sehemu ya mfumo isiyompa mtu kitu ndiyo itakayokufa kwanza. Tangu leo kila kipande cha mchoro naandika pembeni yake nani anafaidika kukihudumia, na kipande kisicho na jina nakirudisha mezani.

Mei 8

Pevingi. Kila mwenye uwezo kidogo anataka kufunika uwanja kwa pevingi ili matope yaishe na gari liingie vizuri. Mtaa ukishapevingiwa wote, ngoro zetu zitapokea maji mara mbili ya tuliyohesabia. Tumemwomba mfyatuaji wa tofali wa barabarani atengeneze fomu ya pevingi zenye matundu, nyasi ziote katikati. Kazifyatua kumi na mbili, nzuri sana. Hakuna aliyezinunua. Visigino vya viatu vinaingia kwenye matundu, alisema dada mmoja, na mikokoteni ya maji inakwama.

Iliyokubalika ni rahisi zaidi: njia mbili za pevingi za kawaida kwa matairi ya gari, katikati na pembeni changarawe juu ya mchanga. Bei inashuka karibu nusu. Ndicho kilichoshinda hoja.

Juni 14

Maji taka. Mpango ni huu: nyumba sita za chini zinaunganishwa kwenye tanki moja la maji taka lenye vyumba viwili, maji yanayotoka yanapita taratibu ndani ya kitanda cha kokoto chenye kina cha sentimita 60 kilichopandwa matete. Mizizi na vijidudu vinakula uchafu. Maji hayaonekani juu, kwa hiyo mbu hapati kitu. Wataalamu wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam wamekuwa wakizifanyia utafiti ardhioevu za namna hii tangu miaka ya 1990, kwa hiyo hatubuni chochote. Kwa joto letu unahitaji mita moja hadi mbili za mraba kwa kila mtu. Nyumba sita zina wapangaji wengi; tunatafuta mita za mraba 80.

Mita 80 zipo mahali pamoja tu, chini, karibu na korongo. Na Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 inataka mita 60 kutoka ukingo wa mto ziachwe. Je, korongo linalokauka kiangazi ni mto? Ofisi moja imesema ndiyo. Ofisi ya pili imesema tuiulize ya kwanza. Sheria naipenda, ingelifuatwa tangu mwanzo Dar ingekuwa na bustani ndefu kuliko Curitiba. Kinachochekesha ni kwamba vyoo vinavyotapishwa viko ndani ya mita hizo hizo 60, na kitanda cha matete cha kuvizuia ndicho kinachohitaji kibali.

Barua imepelekwa. Matete yanaota kwenye viroba uwanjani kwa bibi, ambaye anayafagia kwa pembeni.

Julai 22

Miti. Mtaa umejaa ashoki, ile mirefu myembamba ya ukutani. Haina kivuli, ila haili nafasi na haiangushi matunda kwenye bati, kwa hiyo watu wanaipenda. Tumegawa miche ya mkwaju, mshelisheli na mlonge. Mlonge umekwisha siku ya kwanza. Mkwaju umebaki: "Huo nitaula lini?" aliuliza mpangaji mmoja mwenye mkataba wa miezi mitatu mitatu. Sina jibu la kisanifu kwa mkataba wa miezi mitatu. Kwa mtindo wetu mpya wa kuandika jina pembeni ya kila kipande, mikwaju imeandikwa kwa wenye nyumba, mlonge na matembele kwa wapangaji.

Agosti 16

Awamu ya pili ya fedha haijaja. Maelezo yanabadilika kila wiki. Fundi wa chemba ya nne amepata kazi nyingine Kibaha, amekwenda, simlaumu.

Tofali za kufungamana kwa ajili ya choo cha mfano zimefika, zile za udongo na simenti kidogo ambazo Wakala wa Utafiti wa Nyumba Bora umezihimiza kwa miaka mingi. Hazichomwi kwa kuni, na ukuta hauhitaji udongo wa kulazia kila mstari. Nzuri kuzitazama. Zimefunikwa turubai.

Septemba 25

Habari zimefika ofisini: Kongjian Yu amefariki tarehe 23 kwa ajali ya ndege ndogo Pantanal, Brazil, akiwa na watengeneza filamu. Alikuwa msanifu mandhari wa China, ndiye aliyesimamia wazo la miji sifongo, yaani mji unaonyonya mvua badala ya kuifukuza kwa mabomba. Mwaka 2013 serikali yake ililikubali wazo hilo, na tangu 2015 miji ya majaribio ikaanza kuchimba madimbwi na kubomoa kuta za mito.

Wapo waliomcheka baada ya Zhengzhou. Jiji hilo lilikuwa kwenye mpango, na Julai 20, 2021 likapata zaidi ya milimita 200 kwa saa moja, watu wakafa hadi kwenye treni za chini ya ardhi. Nimeisoma hoja hiyo mara nyingi na haijanishawishi kuacha. Milimita 200 kwa saa moja ni paa la mita 100 kupokea lita 20,000 kabla mtu hajamaliza kupika maharage. Hakuna ngoro, bomba wala zege litakaloimeza yote. Ninachokichukua pale ni kwamba kila mfumo wa kunyonya unahitaji mdomo wa kutapika ulio salama, na nimerudi kwenye michoro kuipanua ile midomo ya mawe ya safu za chini.

Yu alikulia kijijini, akisema alijifunza maji kwenye madimbwi na matuta ya wakulima wa kwao. Kazi yake ninayoirudia zaidi ni bustani ya mikoko ya Sanya, kisiwani Hainan: ukuta wa zege ulivunjwa, kifusi kikapangwa kuwa vidole vya ardhi vinavyoingiliana na maji, mikoko ikarudi katikati yake. Sisi kwenye mdomo wa Msimbazi, pale daraja la Salenda, mikoko bado tunayo, haijaondoka. Mwanafunzi wetu wa mafunzo ameuliza kama tungeweza kumwandikia Yu mwaka jana kuhusu ngoro. Tungeweza.

Septemba 30

Hali ilivyo kabla ya vuli. Ngoro: safu nne kati ya saba zimechimbwa, vetiva imeshika, magimbi mawili yameibwa, ambayo nachukulia kuwa ishara ya ubora. Gata: nyumba 21. Duara za miti zinaheshimiwa, isipokuwa mbili. Kitanda cha matete: kibali bado. Chemba za mchanga: tatu zinafanya kazi, na wenye zamu wameanza kuzifunika kwa neti kiangazi ili watoto wasitupe vitu ndani, jambo ambalo halikuwa kwenye mchoro.

Mfadhili ametuma fomu ya tathmini. Kuna sehemu ya "uendelevu", mistari mitatu. Nimebandika nakala ya ukurasa wa daftari la mtaa wenye zamu na majina ya utani ya vijana wa guta.

Chemba ya nne inamwagwa zege kesho bila kusubiri awamu ya pili. Simenti ametoa mzee wa duka, kwa sharti kwamba mchanga wa vuli yote ya kwanza uwe wake. Vijana wamekubali, ila wamedai kwamba kutoa watatoa wao, kwa malipo ya ndoo. Wanaendelea kupatana bei.